Mkaja na Msumari

Mkaja unataka watu wawili. Mmoja ashike ncha, avute, ajikaze. Mwingine ajizungushe taratibu akiingia ndani ya kitambaa, mpaka zile mita kumi zote zimlale kiunoni. Ndivyo Murtinah alivyofundishwa na mama yake, Mbok Saminten, huko Sukoharjo, asubuhi ile alipobebeshwa kapu la dawa kwa mara ya kwanza. Mama alishika ncha, akaegemea nyuma kama anayevuta ng'ombe mkaidi, akamwambia azunguke. Akazunguka. Alipofika mwisho hakuweza hata kuinama kuokota sahani. Mama akamtazama juu mpaka chini, akaridhika. Akamwambia kwamba mwenye kuuza dawa za mwili, mwili wake ndio kibao cha duka lake.

Alikuwa na miaka kumi na sita. Sasa ana arobaini na minne, na anayemshikia ncha ni msumari.

Msumari wenyewe uko kwenye mwimo wa mlango wa jikoni, katika nyumba ndogo anayopanga mjini Salatiga, juu kabisa ya kichochoro kinachoshuka mpaka darajani. Kabla ya msumari alikuwepo Parjo, mumewe. Parjo alishika ncha miaka kumi na moja, akipiga miayo, akimtania kwamba ipo siku atavuta mpaka akatike vipande viwili, na yeye Parjo achague cha juu au cha chini. Kisha akavuka bahari kwenda Kalimantan kwenye mashamba ya michikichi. Mwaka wa kwanza alipiga simu, wa pili akatuma salamu kwa watu, wa tatu ikasikika kwamba ana mtoto huko. Murtinah na yeye hawakuwa wamejaliwa. Habari ilimfikia akiwa anatwanga manjano, akamaliza kutwanga. Kesho yake akapigilia msumari.

Basi kila alfajiri mambo yanakwenda hivi. Anaosha mizizi, anatwanga, anachemsha, anachuja kwa kitambaa, anajaza chupa saba na kuzipanga kwenye kapu. Ya manjano na ukwaju, ya mchele na tangawizi pori, ya majani ya tambuu, ya tangawizi na sukari nyekundu, ile chungu ambayo wanaume huinywa wakiwa wamefumba macho, ya wanaokohoa, na ya saba, ya kiuno. Hali kitu. Anakunywa glasi moja ya ile chungu, basi. Kisha anafunga ncha ya mkaja msumarini, anatoka nao mpaka uani, kuku wakimtazama, halafu anarudi akizunguka, zungusho kwa zungusho, anapita karai, anapita jiko, anafika mlangoni kichwa kikimwenda kombo, kifua kimepanda, tumbo halipo.

Kusema kweli tumbo lilikuwepo. Lilikuwa limeongezeka mwaka hadi mwaka, laini, limelala chini ya kitovu kama mtoto aliyepitiwa na usingizi. Ila hakuna mtu aliyeliona tangu Parjo aondoke. Hata yeye, akioga, alioga akiwa ameutazama ukuta.

Halafu anashuka na kichochoro, kapu mgongoni limefungwa kwa shuka, ndoo ya kusuuzia glasi mkononi, na anaitwa.

Hapo ndipo penyewe. Murtinah haiti wateja. Wauzaji wengine hupaza sauti, yeye hutembea tu, polepole, na glasi zinagongana kidogo, na watu wakisikia glasi wanatokeza getini. Yu Muur, wanavuta, kama mtu anayemwita dada yake aliyeko mtoni. Wanaita hivyo mageti kumi na tisa, siku nzuri ishirini na mawili. Geti la mwisho likiisha saa nne asubuhi, hakuna mwingine wa kulitaja jina lake mpaka kesho yake. Anarudi nyumbani, anafungua mkaja, anakaa. Redio inasema, kuku wanasema. Yeye hana wa kumwambia kitu. Ukimwona njiani amenyooka hivyo, huwezi kulidhania hilo.

Na mageti hayo yalikuwa ya wanawake, na wanawake wa kichochoro hiki salamu zao ni miili. Mtu hajafika vizuri ameshaambiwa amekuwa gunia la mchele, au amekauka kama samaki wa kuning'inizwa. Anayeambiwa hucheka, kwa sababu ukinuna ndiyo umeumbuka zaidi. Bu Darsi, mama mwenye mabega mapana anayekaa karibu na msikiti, huambiwa kila siku kwamba kiti cha plastiki kinamwogopa, na kila siku hujibu kwamba basi kiti kikalalamike serikalini. Murtinah husikia yote hayo akimimina. Yeye hakuna aliyemgusa. Yeye alikuwa mfano.

Zaidi ya wote alikuwa mfano kwa Bu Harsi wa geti la kijani. Bu Harsi ni mjane wa mwalimu, ndiye mkubwa wa umoja wa akina mama, na neno lake likitoka kwake asubuhi, saa sita limeshafika darajani. Mwanawe yuko Batam kwenye kiwanda. Mkewe, Ratri, msichana wa miaka ishirini na miwili mwenye uso wa mviringo, alikuwa amejifungua, na Bu Harsi alijiapiza kwamba mwanawe akirudi likizo atamkuta mke yuleyule aliyemwacha. Kwa hiyo Ratri alifungwa mkaja kila asubuhi, Bu Harsi akivuta upande mmoja na binti yake mkubwa akimsukuma azunguke. Alilishwa mboga za kuchemsha na wali vijiko viwili. Samaki hapana, yai hapana, cha kukaanga usitaje. Na kila siku glasi ya chupa ya saba.

Murtinah akitua kapu, Bu Harsi humsimamisha Ratri mbele yake kama mtoto wa shule.

"Tazama kiuno cha Yu Mur," husema. "Miaka arobaini na kitu, utadhani nyigu. Hiyo ni dawa, mwanangu, siyo maneno."

Ratri hukitazama kiuno, huitazama glasi, hunywa yote bila kupumua. Murtinah husuuza glasi kama hajaona kitu.

Lakini aliona. Kazi yake ni kuona mikono ya watu, maana ndiyo inayompokea glasi, na mkono wa Ratri ulikuwa unapungua. Bangili iliyokuwa ikimkaa kwenye kifundo sasa ilipanda mpaka karibu na kiwiko akiinua glasi. Mwezi wa kwanza kifua cha blauzi yake kilikuwa na mabaka ya maziwa. Mwezi wa tatu kilikuwa kikavu, na mtoto ndani analia kilio kile chembamba cha mtoto asiyetosheka. Siku moja Bu Harsi alipoingia kutafuta chenji, Ratri alisogea karibu, akauliza kwa kunong'ona:

"Yu, wewe ilikuchukua muda gani?"

Murtinah alifungua mdomo. Neno lilikuwa pale pale, fupi tu. Lakini aliliona geti la kijani likifungwa, na baada yake la pembeni, na la pembeni yake, na yeye anashuka mpaka darajani glasi zikigongana bila mtu wa kutokeza. Akajibu kwamba ni muda tu, avumilie. Bu Harsi akarudi. Neno hilo, avumilie, lilikwenda naye nyumbani, likakaa naye mchana kutwa.

Siku ya karamu ya mtoto, ambayo kwa desturi hufanywa siku ya mia na tano tangu azaliwe, kulikuwa na jua la kuchoma tangu saa mbili. Akina mama sita walikuwa barazani kwa Bu Harsi wakimenya nazi na kukunja majani ya mgomba. Waliagiza dawa kwa wote. Murtinah alifika amelowa jasho, akapiga goti ili atue kapu, na kule kuinama kukamkatia pumzi katikati. Aliona sakafu inakuja. Chupa hazikuvunjika, kapu lilikaa sawasawa. Aliyeanguka ni yeye.

Akina mama wote wakasema jambo moja kwa pamoja: upepo umemwingia. Kwetu mtu akianguka ni upepo, na upepo dawa yake ni sarafu na mafuta, mgongo ukwanguliwe mpaka utoke mistari myekundu. Hakuna aliyefikiria kitu kingine. Bu Darsi akataka sarafu, mwingine akaleta mafuta ya nazi, wakamlaza mkekani, wakamfungua blauzi. Wakakuta mkaja. Wakatafuta ncha, wakaipata imefichwa ubavuni kwa pini. Bu Darsi akavuta, Ratri akamzungusha mgonjwa upande kwa upande, na kitambaa kikatoka, kikatoka, kikajaza mkeka, kikafika kwenye nazi. Miaka mingi ilikuwa imepita bila mkaja ule kushikwa na watu wawili, na siku uliposhikwa ilikuwa hiyo, mbele ya watu.

Zungusho la mwisho lilipoachia, pumzi ilimwingia kwa kishindo, akazinduka. Kitu cha kwanza alichosikia ni kimya. Akina mama wa kichochoro kile hawanyamazi hata msibani.

Walikuwa wanalitazama tumbo. Lilikuwa limemwagika pande zote mbili, na juu yake kulikuwa na mifereji, mingine myekundu ya leo, mingine myeusi ya zamani, imepangana kama alama za mkeka kwenye shavu la mtu aliyelala sana.

"Kumbe ni kitambaa," akasema Bu Harsi. Hakupaza sauti. "Miezi mitatu namnywesha mkwe wangu maji ya majani. Kumbe ni kitambaa."

Nyuma huko mmoja akasema nyigu amemeza tikiti, na wengine wakacheka, siyo kwa ubaya, ila walicheka. Bu Darsi akawaambia wanyamaze, mgonjwa ni mgonjwa, akamgeuza kifudifudi akaanza kukwangua, kwa sababu alikuwa ameshika sarafu na hakujua afanye nini kingine. Murtinah alifunika uso kwa kiganja. Alitamani arudishiwe kitambaa chake.

Ratri ndiye aliyekwenda jikoni akarudi na chai ya sukari nyingi. Alimsaidia kukaa, akamshikia kikombe. Mkono wake mwingine, ule wenye bangili inayopanda, ukatua juu ya tumbo, penye mfereji wa chini kabisa, ukatulia hapo kama unavyotua juu ya paji la mtu mwenye homa.

"Kumbe na wewe, Yu," akasema.

Basi. Bu Harsi akamwita Ratri akaangalie moto.

Bu Darsi alimpeleka zahanati akiwa amemshika kwapa, kwa shari kidogo, kama mtu anayemrudisha mtoto mtoro. Mkunga wa pale alimpima, akasikiliza kifua, akabonyeza tumbo, akamuuliza anatembea kiasi gani kwa siku. Murtinah akamtajia, kutoka juu mpaka darajani, na kuzunguka nyuma ya soko, na kupanda tena. Na kapu? Na kapu. Mkunga akaandika, akamuuliza kabla ya kutoka anakula nini.

"Nakunywa ile chungu."

"Nimekuuliza unakula nini."

Murtinah akaivuta blauzi ifunike tumbo.

"Sikiliza, Bu," mkunga akasema. "Tumbo lako halina ugonjwa. Lina njaa, na limebanwa. Nina watu hapa wembamba kama kamba wasioweza kupanda hiyo ngazi yangu. Wewe unapanda mlima na chupa saba. Kula kabla ya kutoka. Na hicho kitambaa kipumzishe."

Alisema hivyo akiwa tayari anaita jina la mwingine. Hakujua amemwambia neno zito kiasi gani.

Siku nne Murtinah hakutoka. Siku ya kwanza kapu lake lilikuwa mlangoni asubuhi, chupa zimeoshwa, na mkaja ndani, umekunjwa mdogo mdogo kama wanavyokunja nguo za mtoto mchanga. Aliyelileta kapu hakubisha hodi. Hizo siku nne hakuna aliyebisha. Alisikia watu wakipita chini, akasikia mtu akicheka, akajua wanamcheka yeye, au labda walikuwa wanacheka mambo yao. Redio ilisema mvua itakuwa chache. Jioni ya tatu aliukunjua mkaja wote, akaunyoosha kutoka msumarini mpaka uani, akausimamia. Kuku walidhani anataka kuzunguka, wakampisha. Akaukunja tena.

Siku ile pia, wakati wa kuoga, alitazama chini. Alitazama kwa muda mrefu, kama unavyotazama chumba ulichohama siku nyingi. Hakulipenda. Ila lilikuwa lake, na lilikuwa na joto, na kidole chake kilipopita kwenye mifereji alihisi kwamba inauma, na akashangaa kwamba ilikuwa inauma siku zote hizo.

Siku ya tano alipika wali. Kula alfajiri kulimpa tabu, alitafuna kama mtu wa karamu ya watu asiowajua, lakini alimaliza. Alijaza chupa sita. Penye chupa ya saba aliweka wali na tempe, soya ya kuchachusha iliyokaangwa, na pilipili, vimefungwa kwenye jani la mgomba. Mkaja aliuacha juu ya kabati. Alivaa blauzi pana ya marehemu mama yake, akabeba kapu, akashuka.

Geti la kwanza waliita. La pili walitokeza, wakatazama, wakaita kwa kuchelewa.

"Yu Mur, mbona umenenepa ghafla?"

"Sijanenepa, Bu. Nimefungua."

Yule mama akabaki na glasi hewani, kisha akacheka sana, na Murtinah akagundua kwamba anaweza kuvumilia kuchekwa ikiwa ana wali tumboni. Mwingine akataka ile ya kiuno. Akamjibu kwamba haiuzi tena. Kwa nini? Kwa sababu miaka ishirini na minane hajawahi kuiona ikifanya kazi. Huyo hakucheka, alirudisha mlango. Na mageti yaliyofuata baada ya hapo mengine yaliita, mengi hayakuita. Kwenye geti moja aliona pazia likitikisika. Kwa Bu Darsi aliitwa kwa sauti ya kusikika mpaka msikitini, akaambiwa sasa viti vya plastiki vina maadui wawili.

Geti la kijani lilikuwa limefungwa, na kitasa kimewekewa kufuli mchana kweupe. Alipunguza mwendo. Glasi ziligongana. Hakutokeza mtu. Akasubiri zaidi kidogo kuliko inavyofaa kwa mtu mzima kusubiri, kisha akaendelea.

Nyuma ya nyumba zile kuna njia nyembamba kando ya mtaro, wanapoanika nguo. Alipofika hapo akamwona Ratri amesimama kati ya nepi, hana viatu, mtoto kifuani. Ni dhahiri alikuwa amesikia glasi, akakimbia kupitia jikoni.

"Ile ya hamu ya kula ipo?" akauliza.

Ipo, ile ya mchele na tangawizi pori. Murtinah akatua kapu. Akainama bila shida, na kule kuinama bila shida kukamshangaza. Akamimina. Ratri akanywa taratibu, akilamba ukingo wa glasi kama mtoto. Halafu akanusa.

"Na kwenye jani kuna nini?"

Murtinah akalifungua. Akagawa wali kwa kidole, nusu huku, nusu huku, na tempe akampa kubwa. Wakala wamesimama. Ratri alikula haraka, mkono mmoja, mtoto akiufuata mkono kwa macho.

"Siku ile uliniuliza ilinichukua muda gani," Murtinah akasema. "Nilikudanganya. Dawa haijawahi kunipunguza. Nilikuwa nazunguka tu."

Ratri akatikisa kichwa, mdomo umejaa. Chini ya blauzi yake mkaja ulionekana, umekazwa mpaka kwenye mbavu. Akameza.

"Mimi wananifunga watu wawili," akasema. "Mama na wifi. Wewe alikuwa anakufunga nani?"

"Msumari."

Ratri akaangua kicheko, punje za wali zikaruka mpaka kwenye nepi. Alicheka akajishika ukuta, na Murtinah naye akaanza kucheka, maana neno hilo lilichekesha kweli, hakuwahi kulisikia likisemwa. Kisha Ratri akanyamaza ghafla. Akamtazama. Ilionekana ameuona akilini ule mwimo wa mlango, na kuku, na mtu mmoja anayezunguka peke yake alfajiri. Akajifuta mdomo kwa mgongo wa mkono.

Ndani Bu Harsi aliita. Aliita mara ya pili, akiuliza nepi zinaanikwa angani au wapi. Ratri akapitisha mkono nyuma, akatafuta ncha ya mkaja wake, akaulegeza, siyo wote, mazungusho mawili au matatu hivi, akaifunika ncha kwa blauzi. Kisha akaingia bila kuaga.

Murtinah alisuuza glasi. Akakunja jani, akalirudisha mahali pa chupa ya saba. Yalibaki mageti manne mpaka darajani, na aliyapita yote manne polepole kama kawaida yake, na hakuna aliyemwita. Darajani akashika ukingo, akavuta pumzi. Ikashuka, ikapita kifua, ikapita pale ilipozoea kugota, ikafika chini kabisa, tumbo likajaa mbele yake chini ya blauzi ya mama. Akaiacha ikae hapo kidogo. Kisha akalikaza shuka la kapu begani, akaanza kupanda kurudi nyumbani.